Kwa Salma, Aliyenishikia Mwanga

Mke wangu Salma,

Nakuandikia kwa herufi kubwa kama za mtoto anayeanza skuli, maana presha ya macho imenila pembeni kote. Naona katikati tu, kama anayechungulia tunduni.

Nakumbuka kule kisiwani Kojani, filamu yangu ya mwanzo. Wanawake walipoiona kamera walijifunika mitandio. "Kwani sisi maonesho?" mmoja akauliza. Mimi niliganda. Wewe ukaliweka chini lile shuka jeupe ulilorudishia mwanga wa jua kwenye nyuso za waigizaji, ukaenda kukaa nao, ukashika mbuzi ukakuna nazi. Alasiri wakaniita wenyewe. Tangu hapo sikupiga filamu bila wewe: Unguja, Mombasa, Dar, miaka na miaka, mpaka kamera zikawa nyepesi na sisi tukawa wazito. Ulikuwa ukinicheka, "Wewe ukishika kamera tu huumwi."

Tangu utangulie, mwanetu Hamad amehamia hapa Wete kuniangalia. Hata msikitini siendi peke yangu. Akienda kazini, hulifunga lango kwa nje.

Juzi alikuja binti kutoka Unguja, muongozaji filamu. Anapiga filamu kisiwani Fundo, akanitaka mimi nimshikie kamera. Nilimsikia Hamad barazani: "Baba hapigi tena."

Nikatoka nikipapasa ukuta. "Baba yupo, na anasikia." Nikamgeukia binti: "Mwanangu, unataka kupiga nini?"

Bibi harusi anaondoka kwao, akasema, anageuka mara ya mwisho.

"Bibi harusi muache aende. Mpige mama yake anayebaki."

Binti akasema, "Twende, mzee. Kamera nitashika mimi, wewe uniambie hivyo hivyo."

Moyo ulinidunda, Salma, kama kijana! Lakini Hamad alipiga magoti mbele yangu, mtu mzima yule. "Baba, mama ameshatuponyoka. Na wewe nikupandishe mashua kwa mkono wangu, na macho hayo?"

Nikakaa. Binti akaniaga.

Leo wanapiga. Niko dirishani, na kwa joto lililo mkononi mwangu najua jua limekaa pazuri. Laiti Hamad angekuwa mtoto mbaya, ningegombana naye, ningevunja kufuli. Lakini asubuhi aliniosha miguu, akanikata kucha, akanibusu mkono. Ndipo akafunga lango.

Mola akulaze pema, mama watoto.

Mumeo