Wakili Ataka Niseme Ni Panya

Mpendwa Dada Vasundhara, nakuomba ushauri, maana huwa nakusikiliza redioni nikichambua dengu na leo zamu imenifikia mimi. Naitwa Narsavva, mjane wa Komuraiah aliyekuwa na duka la mgawo la serikali hapa kijijini, la mchele na sukari ya bei nafuu kwa maskini wenye kadi, na shida yangu ni leseni ya duka hilo, ambayo afisa ugavi aliisimamisha alipokuja kukagua akakuta mchele umepungua, ingawa sukari ilikuwa kamili, akasema mume wangu anauza mchele wa maskini kwa mlango wa nyuma, na mume wangu akakata rufaa, lakini moyo wake ukasimama kabla haijasikilizwa.

Dada, mimi najua mchele ulikwenda wapi. Komuraiah alikuwa anapuliza kwanza vumbi kwenye sahani ya mizani, anapima, halafu anachota konzi moja ya mchele anaitia kwenye mfuko wa mtu akisema, "Na hii ya shomoro," kila mwenye kadi, kila mwezi, na shomoro hawakuonja hata punje. Nikimwambia, "Baba wee, shomoro wa kijiji hiki wana vitambi," anacheka mpaka kilemba kinamteleza. Hata sasa nikipika wali mkono wangu unaongeza konzi, na wa kuila hayupo.

Rufaa ni Jumatatu, nami nimeingia mahali pake, na wakili ameniambia, "Mama, sema ni panya. Panya hawana wakili wa kukupinga." Shemeji yangu Odelu, mwenye mikono mipana kama ya kaka yake, naye anasema, "Sema panya, shemeji, yaishe." Lakini jirani yangu, Bibi Lachavva, ameapa, "Nitakuja kutoa ushahidi! Ila nitasema pia kwamba Lingavva alipewa konzi kubwa kuliko yangu." Nikisema kweli naogopa leseni itafutwa kabisa, na wazee wa hapa wenye kadi waendelee kutembea hadi kijiji cha pili, ambako muuzaji hupunguza punje kwenye mizani kwa ncha ya kucha, na nikisema panya, jina la mume wangu nitakuwa nimelisafisha au nimelizika? Nifanyeje?

JIBU

Narsavva ndugu yangu, pole sana. Shomoro wenye vitambi wamefanya chai inipalie. Sasa nisikilize.

Huyo wakili wako amelala? Panya gani wanaokula mchele wakaacha sukari? Na afisa anayesikiliza rufaa akikuamini, atakufungia duka kwa uchafu. Utakuwa umekimbia mvua ukatumbukia kisimani.

Lakini na wewe usimpambe marehemu. Konzi ile ilikuwa kosa. Mumeo alikuwa mkarimu kwa gunia lisilo lake, na wewe ulisimama kando ukitania. Kaliseme hilo wewe kabla hawajakuuliza. Kisha waambie kwamba mwizi hauzi konzi konzi, mwizi huuza gunia. Mwombe afisa achukue mizani, ipimwe konzi moja, aizidishe kwa idadi ya kadi na kwa miezi iliyopita kati ya ukaguzi wa kabla na huu wa mwisho. Hesabu ikikaribia upungufu uliokutwa, ataona mchele uliingia mifuko ya nani. Odelu aache kutoa ushauri, alete mkono. Si umesema ni kama wa kaka yake?

Lachavva aende, na Lingavva aende, na wote wenye kadi. Waache wagombane huko huko mbele ya afisa kuhusu konzi ya nani ilikuwa kubwa. Hakuna wakili atakayekupangia ushahidi mzuri kuliko huo. Na huyo wako aandike ombi leo hii, leseni ikirudishwa iwe kwa jina lako. Akikataa, mwache na panya wake, nenda ofisi ya msaada wa sheria wilayani.

Siwezi kukuahidi utashinda. Ila ukishinda, pima sawasawa, punje kwa punje. Kando ya mizani weka beseni la mchele wako mwenyewe, ile konzi unayoizidisha jikoni. Siku ya kufungua, puliza sahani, na ya shomoro ya kwanza mpe Lachavva, ijae mpaka imwagike, Lingavva akiona.