Koti la Harusi Mgongoni mwa Punda

Jumanne

Bado nacheka, ingawa mume wangu Mutua hacheki.

Wiki mbili zilizopita, blanketi tunalomtandikia punda chini ya mitungi ya maji lilimchubua mabega hadi manyoya yakatoka. Niliogopa kidonda kingeoza. Daktari wa mifugo alikiosha kwa maji ya chumvi, akaniambia, "Mama, mpumzishe kwanza. Akipona, shonea ndani ya blanketi kitambaa laini, kile cha kuteleza."

Kitambaa laini nyumbani kwetu ni bitana ya zambarau ya koti la harusi la mume wangu, ambalo halimtoshi tangu tupate mtoto wa pili. Nikaibandua, nikaishona.

Leo punda alikuwa amepona, nikaenda naye kuchota maji. Njiani tukakutana na Mutua akiwa na mzee wa kanisa. Mutua akaona kipande cha zambarau kikining'inia.

"Mama Kasyoka, hilo si koti langu?"

"Ni lako. Lakini angalia, hajachubuka hata kidogo."

Mzee akamzunguka punda polepole. "Kusema ukweli, Mutua, limemkaa vizuri kuliko wewe."

Jioni Mutua ameniuliza kama suruali yake iko salama. Nimemwambia iko. Mungu anisamehe, nimeizungusha kwenye mkanda unaomfunga punda tumboni.