Zamu ya Kugeuza Lefse

Nordre Haugen,
Sigdal, Norwe.
Novemba 30, 1974.

Mdogo wangu mpendwa Oddny,

Hujambo huko Minnesota? Shemeji naye hajambo, na lile goti lake limepata nafuu? Sisi huku tu wazima wa kusimama tu, maana mimi dada yako nimechoka hoi na sitaki kukuficha. Theluji imekuja mapema, maji ya zizini yameganda, na ng'ombe hawana habari kwamba nimeshazeeka. Mama anakula kidogo, analala kidogo, na mchana kutwa ananiuliza mimi ni mtoto wa nani.

Lile nililokuandikia mara ya mwisho limefika. Nyumba ya wazee kule mjini wamempatia Mama kitanda, nao wanataka jibu kabla ya Krismasi. Wewe ulisema asipelekwe kokote, afie kwake. Haya, ni rahisi kusema ukiwa Minnesota. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Nisamehe, mdogo wangu, lakini ndivyo ilivyo. Nilikuwa nimeshashika kalamu niwajibu kwamba tunakubali, nikaona kwanza nimpikie lefse za Krismasi, ile mikate yetu myembamba ya viazi, za mwisho katika jiko lake.

Unajua mambo yalivyokuwa nyumbani. Mama alikufundisha wewe kusukuma, mimi nikawekwa kwenye chuma cha kuokea na kijiti changu kirefu, nigeuze, kwa kuwa nilikuwa mkubwa na siogopi moto. Maisha yangu yote nimegeuza. Nikigusa tu mti wa kusukumia, Mama alikuwa akiniambia mikono yangu ni ya kukamulia ng'ombe.

Basi nikachemsha viazi, nikaviponda. Vilitakiwa vilale kwenye baridi hadi kesho yake, lakini mimi nani wa kungoja kesho? Nikavitia unga vikiwa bado vuguvugu. Ala! Donge likaanza kutoa jasho, na kadiri nilivyoongeza unga ndivyo lilivyozidi kunata, kwenye kibao, kwenye viwiko, mpaka kwenye nywele.

Jirani yetu Aslaug alikuwa analeta mayai, akachungulia mlangoni. "Shoga, hizo ni lefse au unachora ramani ya Norwe? Hiyo moja naona ina fiodi zote za pwani!" Nikacheka, halafu nikalia mbele yake, mtu mzima mimi. Donge lote wakala kuku.

Safari ya pili niliviacha viazi vilale kwenye baridi kama inavyotakiwa. Donge likatii. Lakini nilikuwa nasukuma, nakimbilia chuma, nageuza, narudi kibaoni, na huku nikisukuma moja nyingine inaungua. Kidole kimoja hakivunji chawa. Moshi ukajaa jikoni.

Ndipo Mama akainuka pale kitini kwake dirishani. Alininyang'anya kijiti, akasimama mahali pangu kwenye chuma, akapitisha ncha ya kijiti chini ya lefse na kuigeuza. Oddny, mikono ile ile inayomwaga kahawa kila asubuhi haikutetemeka hata kidogo! Mimi nikasukuma, yeye akageuza, tukaenda hivyo mpaka taulo la kuzifunikia likajaa.

Moja ilitoka nyembamba kweli, ukiiangalia unaona mbao za kibao kwa chini. Mama akaitazama, akanitazama na mimi.

"Oddny mwanangu, leo umesukuma vizuri."

Sikumsahihisha. Lakini niliumia, nakwambia kweli. Mimi ndiye ninayemwosha na kumlisha, na jina lililobaki kinywani mwake ni la yule aliyeondoka. Nikamjibu tu, "Asante, Mama."

Akageuza nyingine, kisha akasema taratibu, "Dada yako usimwite leo. Mwache alale. Mtoto yule anachoka, halafu hasemi. Nimemweka kwenye moto huu tangu mdogo, na mimi hata asante sijamwambia. Shika wewe mahali pake kidogo, bado una nguvu."

Nilishindwa, Oddny. Nilijifanya natafuta siagi kabatini, nikaficha kichwa humo humo mpaka uso ukakauka.

Barua ya nyumba ya wazee bado iko mezani. Sijaijibu, wala sitaijibu peke yangu; nitawaomba wangoje kidogo. Sikuombi fedha, na ushauri wako ninao wa kutosha. Njoo ukae na Mama mpaka theluji iyeyuke, umwoshe, umlishe, uulizwe wewe ni mtoto wa nani. Baada ya hapo ukisema abaki, atabaki. Ukisema aende, mimi mwenyewe nitamfungia nguo zake na sitakunung'unikia.

Nisalimie shemeji na wanao, na shangazi Borghild ukimwona kanisani. Nimekufungia lefse chache humu. Zitafika zimekauka, zinyunyizie maji kidogo kabla ya kupaka siagi na sukari. Mungu akulinde njiani, maana najua utakuja.

Na usidhani ni mimi ninayekuita. Mimi Mama ameniamuru nilale.

Ni mimi nikupendaye, hata nikiwa nimechoka,
Dada yako Torbjørg