Kwa Mzee Mikanda, Aliyetunza Nyuso za Watu

Mzee Mikanda, mwaka umetimia tangu ulipotutoka asubuhi ile, glavu zako nyeupe za kushikia filamu zikiwa bado zimeanikwa kambani. Zilikaa hapo wiki nzima kabla hatujathubutu kuzianua.

Wageni walikuwa wakiingia sebuleni wanauliza nani kamwaga siki. Ulicheka ukawaeleza kwamba filamu ya zamani ikianza kuoza hunuka hivyo, nayo isiponakiliwa upesi haiponi tena. Tulikula kwenye kona moja ya meza, kwingine kote ni mikebe ya filamu. Binti yetu aliiita wake wenza wa mama.

Wewe uliyesahau hata siku ya harusi yetu, ulijua mkebe gani una ufunguzi wa daraja na upi una akina mama wa sokoni. Kila mgeni ulimwonyesha, ukaisimamisha picha: "Hebu mtazame huyu. Unamjua?" Ukipata jina, uliliandika kwenye daftari lako na siku hiyo nyumba nzima ilikuwa na raha.

Mimi mkeo ndiye niliyechoshwa na harufu. Uliposafiri kwenda kuonyesha filamu mashuleni, niliihamishia mikebe kwenye stoo ya mabati, na wiki ile jua lilikuwa kali mno. Uliporudi, mitatu ilikuwa imeharibika, mkanda umegandamana ukawa donge. Nikasubiri ufoke. Ukakaa sakafuni, kisha ukasema, "Mama watoto, yaliyopita si ndwele. Njoo tubebe iliyobaki." Hukulitaja tena mpaka unakufa. Afadhali ungenifokea.

Mbali na ile mitatu, uliacha mikebe kumi na mmoja haijanakiliwa. Binti yetu amejifunza kuisafisha na kuiingiza kwenye kompyuta, nami namshikia mkanda usiburuzike. Tumeimaliza yote.

Mwezi uliopita tuliionyesha ukumbini. Fundi cherehani mmoja, mzee wa makamo yako, akainuka ghafla. "Simamisheni hapo hapo! Huyo dada yangu. Huyo ndiye kanilea, jamani." Hakuwa na picha yake hata moja. Alituomba turudie, tukarudia mara nne, naye hakukaa chini mara zote nne. Jina la dada yake tumeliandika kwenye daftari lako, kwa mwandiko wangu huu mbovu.

Ile mikebe mitatu haifunguki. Walionaswa humo hakuna tena atakayewaona, na ni mimi niliyewapoteza. Kama umekutana nao huko uliko, mume wangu, niombee radhi.

Unakumbukwa na mkeo, binti yako, mwanao wa kiume na mkwe wako, wajukuu zako wawili, dada yako mkubwa, na wenzako wote wa kazi katika chumba cha filamu.

Maadamu tunaishi, hatutakusahau.