Njumu Zilizobaki Champlin

Wafula, ndugu yangu,

Nimechoka. Naanza na hilo kwa sababu hukupenda mtu akuzungushe. Nimetoka kazini kwenye nyumba ya wazee Roseville sasa hivi, nimeinua wazee wa watu tangu asubuhi, mgongo unaniuma, na hata sare sijavua. Lakini nikilala kabla ya kukuandikia nitaahirisha tena, na nimekuwa nikiahirisha tangu tulipousindikiza mwili wako uwanja wa ndege mwezi wa tatu.

Timu iko hai. Ilibaki kidogo tu ife. Nitakueleza ilivyokuwa, na usinikatize kama ulivyozoea.

Unakumbuka msimu wa kwanza, mwaka jana. Timu nne tu katika miji hii miwili ya ughaibuni, na sisi wa mwisho. Tulikulia raga ya watu kumi na watano, ile ya kung'ang'ania mpira chini. Hii ya kumi na watatu mtu akiangushwa anaachwa asimame, anaurudisha mpira nyuma kwa mguu, mchezo unaendelea. Sisi tukimwangusha mtu tulimlalia, tukamrundikia wengine, refa akapuliza filimbi mpaka akachoka. Nawe kapteni wetu ulikuwa ukipiga kelele, "Mwachieni asimame!" Dakika mbili baadaye wewe ndiye uliyekuwa juu ya mtu.

Halafu viatu. Mechi ya kwanza kabisa nusu yetu tulitoka zamu moja kwa moja, tukaja uwanjani na viatu vya kazi. Tangu siku hiyo ukaweka sheria: mechi ikiisha, kila mtu avue njumu zake aziweke kwenye buti la gari lako. Ulisema tulete miguu tu, mengine tukuachie wewe. Nasi tukaleta miguu. Kila Jumamosi tulizikuta safi, kavu, kila jozi imefungwa pamoja kwa kamba zake, tukakusifu.

Basi ulipoanguka kazini na moyo ukakataa, njumu za timu nzima zilikuwa ndani ya gari lako, na gari liko Champlin kwa mkeo Nekesa. Alikupeleka Bungoma, akakuzika, akarudi na binti yenu Neema. Hakuna hata mmoja wetu aliyekwenda kuziomba. Unatujua. Mali ya marehemu haiguswi kabla wazee wa nyumbani hawajakaa kikao. Na mwanamume akionekana mlangoni kwa mjane anaulizia vitu vya mumewe, watu wetu wataanza kumwita mrithi wa mke kabla hajawasha gari kurudi kwake. Kila mtu akamsukumia mwenzake. Kuna waliosema tununue nyingine. Mimi ndiye niliyekataa, niliona ni kama kusema zile tumezizika nawe. Ulikuwa ujinga wangu, naukubali.

Msimu wa pili ukaanza mwezi wa tano. Mechi ya kwanza tulicheza na raba, nyasi zimelowa, tukateleza hadi mashabiki wa wapinzani wakatuonea huruma. Ya pili tulifika tisa. Nilikuwa nimetuma ujumbe kwenye kundi, kila mtu akajibu kwamba yuko, Jumamosi ikafika watu hawapo. Wapinzani wakapewa ushindi bila kutoka jasho. Viongozi wa ligi wakaniambia, kwa upole, kwamba tukikosa mara nyingine timu inafutwa. Nikaitikia kwa kichwa. Moyoni nilisema ifutwe tu, nipumzike. Nakuambia ukweli.

Aliyenizindua ni Bahati, yule Mkongo wetu wa Bukavu anayekimbia pembeni. Alhamisi nilimpigia kumwambia timu imekwisha, nikamweleza habari za wazee, za mali ya marehemu, za midomo ya watu. Akanisikiliza mpaka mwisho.

"Viatu iko kwa mama," akasema, "na mama iko ku nyumba. Sasa problème ni nini?"

Jioni ile ile nikampitia, tukaenda.

Neema ndiye aliyetufungulia. Nilimsalimia kwa Kiswahili, akanijibu kwa Kiingereza kwamba mama yuko gereji, nyuma ya nyumba. Amerefuka. Ana paji lako la uso, na sikuweza kumtazama sana.

Njumu hazikuwa garini tena. Nekesa alikuwa amezipanga juu ya magazeti kando ya ukuta, safi, kila jozi imefungwa kwa kamba zake. Nikaanza hotuba yangu: pole shemeji, tumechelewa, tulisema tungoje wazee. Yeye akainama akaanza kutugawia, hizi zako Mutiso, hizi za Bahati, hizi za fulani, moja baada ya nyingine bila kukosea, na hapo ndipo nikaelewa ni nani aliyekuwa akizisafisha msimu mzima. Wewe ulikuwa dereva tu, Wafula. Sifa zote ukazipokea na kutabasamu, mwizi wewe.

Kisha Nekesa akakalia ndoo iliyofunikwa, akasema bila kutuangalia:

"Kila Ijumaa nazipangusa vumbi, nasema leo watakuja. Kwani na mimi nilizikwa?"

Tulikula kwake mwaka mzima, tukaacha matope kwenye zulia lake, halafu tukamkwepa karibu miezi mitatu na kuita hiyo heshima. Nimewahi kuona aibu maishani, lakini si kama ile. Bahati alilia waziwazi. Mimi nilijifanya nakagua kamba. Baadaye Nekesa akatupikia chai, tukakuzungumzia sana, na Neema akawa anaturekebisha kwa Kiingereza tulipokosea hadithi zako. Tulipoondoka jozi yako ilibaki pale ukutani. Nekesa hakuitaja, nami sikuuliza.

Kesho yake alichukua simu akawapigia wachezaji wote, mmoja mmoja. Sijui aliwaambia nini. Jumamosi, Saint Paul, tulifika kumi na watatu kamili, mmoja ametoka zamu ya usiku, macho mekundu. Tulifungwa, tena vibaya, na bado tulikuwa tukiwalalia watu. Lakini mechi tuliimaliza, na jina letu limebaki kwenye ratiba.

Sasa nisikilize. Sitakudanganya kwamba nitaibeba timu hii miaka yote. Nina kazi mbili, watoto wawili, na goti zima ni moja. Msimu huu nitaumaliza. Ujao sijui, na sitaki uniulize. Ninachokuahidi ni kwamba Champlin nitakwenda kila Ijumaa, kuwe na mechi au kuwe na theluji hadi magotini, na mke wangu nitamchukua, wenye midomo watafute kazi nyingine.

Pumzika, kapteni. Timu ikinifia mikononi, nisamehe. Lakini Nekesa akikaa tena na kungoja mtu asiyekuja, usinisamehe.

Wako,
Mutiso