Mgomba Juu ya Kaburi la Kayemb

Kasaji, 14 Februari 1971

Mwanangu Kayemb,

Sijui nianze na salamu gani, maana maiti haulizwi hali. Basi nikupe yetu: sisi hatujambo, ila magoti yananisumbua na mvua za mwaka huu zimezidi. Kama u hai na unasoma haya, nijibu kwanza kama unakula.

Miaka mitatu iliyopita tulikuzika. Wewe na wale askari wa kizungu wa kukodiwa mlipoingia tena Katanga kwa baiskeli kutoka Angola, redio ilisema mmeuawa wote kando ya reli. Baadaye mtu akatuletea baiskeli yenye jina lako kwenye ngozi ya kiti. Maiti hatukupata. Mjomba wako Rumang akafanya kama wafanyavyo watu wetu: shina la mgomba likavikwa shati lako, likaliliwa usiku na mchana, likazikwa nyuma ya nyumba. Nililia mpaka sauti ikanikauka.

Lakini aliyetumwa kuleta shina ni mdogo wako Nawej. Shina la kuzikia hukatwa juu ya ardhi, kila mtu anajua. Yeye kwa uchungu aling'oa mgomba mzima na kitako chake. Mvua ya kwanza ukachipua. Mjomba akaukata, ukachipua tena. Sasa ni mara ya tatu. Kisimani wananitania: "Mama Kayemb, marehemu wako atazaa lini tuje kula ndizi?" Nacheka nao, kisha nikirudi nyumbani naenda kuuchungulia. Mjomba anasema ni uzembe wa Nawej tu. Mimi nasema mtu aliyekufa kweli hana nguvu hizo.

Barua hii nampa Mutonj, yule fundi wa breki wa gari moshi. Anasema ng'ambo ya Dilolo, ule mji wa mpakani, kuna kambi ya wana wa Katanga. Akikukuta atakupa. Asipokukuta nimemwambia aichome.

Mama yako


Kambini, ng'ambo ya mpaka, 2 Aprili 1971

Mama yangu mpenzi,

Pokea salamu za mwanao. Mimi ni mzima, na ninakula. Magoti yako uyakande kwa maji ya moto, usiyaonee haya.

Mutonj alisimama langoni akaita jina langu, nikadhani nimekosa zamu. Barua yako nimeisoma mara nne. Wenzangu walicheka habari ya mgomba mpaka mbavu zikawauma, wakaniita "Ndizi". Nikacheka pia, halafu nikaenda nyuma ya ghala nikalia peke yangu.

Ile safari ya baiskeli, mama, ilikuwa ya kichaa. Kapteni Gaston, mkuu wa wale wazungu, alituapia kwamba ndege zitatuangushia silaha mbele ya safari. Tulikuwa na bunduki moja kwa watu wawili, na wengine walikuwa na kengele ya baiskeli tu. Ndege haikuja. Tuliposhambuliwa wazungu walipanda lori, Kapteni akapunga mkono: "Tufuateni, vijana!" Tukawafuata kwa miguu siku sita. Nilipita karibu na Kasaji hata nikasikia kengele ya misheni, na sikuthubutu kuja. Nasikia Kapteni yuko nchi nyingine sasa, vita vingine. Askari wa kukodiwa akiwa mweupe ana kwao pa kurudi. Sisi tulibaki msituni.

Nilitoka kwako mwaka 1961 kupigania Katanga ijitenge na Kongo. Leo nawasaka Waangola ndani ya Angola yao, kwa niaba ya Wareno, ambao wanatuita Waaminifu. Jina zuri, lakini kila tunapoingia kijijini nakuta watu wamekimbia na chungu bado kiko motoni. Huwa nakiepua kisiungue. Wenzangu wananiona mjinga.

Hapa tuko wengi, lakini hakuna hata mmoja aliyeniona nikiwa mtoto. Mwambie mjomba anifukue. Na mke wangu Kamin je? Barua nzima hukumtaja. Mwambie sijamsahau hata siku moja.

Mwanao Kayemb


Kasaji, 20 Juni 1971

Mwanangu niliyempata,

Habari za huko? Sisi tumezima redio, tumeacha kuamini lolote isemalo. Nimecheza ngoma peke yangu jikoni, na magoti yangu haya.

Lakini kuna neno nimelikwepa na sasa nalisema. Matanga yalipokwisha ndugu walikaa, na Kamin akapewa Nawej, kama desturi ilivyo. Usidhani walikimbiliana. Nawej alilala jikoni kwangu miezi mingi, anasema, "Siwezi kulala kwenye kitanda cha kaka." Kamin naye hakumwekea hata maji ya kunawa. Kisha siku zikapita, na moyo si jiwe. Wana mtoto wa kiume, bado hajatimiza miaka miwili. Mtoto wa kwanza kuzaliwa katika nyumba ya marehemu hupewa jina la marehemu. Anaitwa Kayemb.

Nimempelekea mjomba Rumang barua yako. Aliishika juu chini, maana hajui kusoma, akasema: "Karatasi haifukui mtu. Aje mwenyewe, mchana, aung'oe ule mgomba kwa mikono yake mbele ya ndugu. Akiung'oa, yote yaliyofanywa kwa ajili ya kifo chake yamefutika. Mke wake anarudi kwake, Nawej anatoka, na mtoto anavuliwa jina. Asipoung'oa, huyo ni marehemu, hata akituandikia kila siku."

Basi ndivyo ilivyo. Nawapenda wote wawili na nimekatika katikati.

Mama yako


Kambini, 9 Agosti 1971

Mama,

Leo salamu sina.

Mwambie Nawej afunge virago. Kiangazi kijacho nakuja. Nimelala kwenye matope miaka kumi, nimepigwa risasi pajani, nimekunywa maji ya nyayo za ng'ombe, na kilichonisimamisha ni mlango mmoja tu na mwanamke aliye nyuma yake. Kumbe mdogo wangu alikuwa ameshaufunga kwa ndani!

Na jina langu nalitaka.

Kayemb


Kasaji, 30 Novemba 1971

Mwanangu,

Hujambo? Hasira zimepoa? Umeniandikia bila kuniuliza magoti, nikajua umeumia.

Nimewasomea Nawej na Kamin barua yako. Nawej akamaliza matonge ya bukari yake, akasema, "Kaka aje. Nitahamia Kolwezi. Sitagombana na mtu niliyemlilia." Akanawa, akatoka nje, akakaa huko mpaka giza likaingia.

Kamin ndiye aliyeniwashia moto. "Mama," anasema, "mimi ni kigoda? Huyu ananyanyuka, yule anakalia?"

Nikamwambia, "Mwanangu, mumeo yuko hai."

"Nimesikia. Nilimlilia nikanyolewa kichwa hiki hapa. Nani alimwambia aende na wale wazungu? Nilishika baiskeli yake nyuma, akanikokota mpaka barabarani, akaenda zake!" Kisha akaketi chini, sauti ikapungua. "Anakula lakini?"

Nikamwambia unakula. Akalia hapo, na mtoto akalia kwa kumwona mama yake analia.

Mwezi uliopita serikali imeibadili nchi jina, sasa ni Zaire. Mjomba anasema kwa wakubwa kubadili jina ni rahisi hivyo. Mimi sikuambii uje wala usije. Lakini ukija, njoo bila bunduki, na pita kwangu kwanza. Nahesabu miezi mpaka kiangazi.

Mama yako


Kambini, 16 Julai 1972

Mama yangu mpenzi,

Magoti yanaendeleaje? Nakuuliza kwanza, nisije nikasahau.

Nilikuja.

Niliomba ruhusa ya siku kumi, nikavaa kanzu ya kuazima, nikafunga samaki wakavu nyuma ya baiskeli kama mchuuzi. Ndevu zangu zimejaa mvi, hakuna aliyenitambua. Nilimpita mjomba Rumang njiani, akaniuliza bei ya samaki, akasema ni wezi sisi wachuuzi. Jua lilikuwa la saa saba. Ulisema nipite kwako kwanza, nisamehe. Nilizunguka kwa nyuma. Nilitaka kuushika mgomba kwanza, nione kama ninauweza, kisha nikuite wewe na ndugu.

Mgomba ni mzuri, mama. Niliukumbatia kwa mikono miwili, nikautikisa, nikausikia unalegea. Hapo wewe ukaita kutoka jikoni: "Kayemb! Njoo ule!"

Nikaitika. "Naam, mama!" Sikufikiri, mdomo uliitika wenyewe. Ni miaka kumi na moja tangu niondoke kwako, na hakuna aliyeniita kula.

Na mtoto akaitika pia, akatokea nyuma ya ghala anakimbia, tumbo limejaa vumbi. Akaniona, akasimama.

"Wewe nani?"

Mama, nilitafuta jina la kumpa, sikulipata. Nikamwambia, "Mpita njia."

"Bibi amepika sombe," akasema, akakimbia kula. Kamin akatoka na kata ya maji kumnawisha. Ana mimba nyingine, hukuniambia. Alikuwa anamkemea mtoto huku anacheka, na mimi nikakumbuka kwamba kwangu hakupata muda wa kucheka. Niliuachia mgomba. Samaki niliwaacha kwenye uzio, najua uliwaokota.

Mwambie Nawej asiende Kolwezi. Mwambie Kamin kwamba Mutonj alikosea, aliyempata ni mtu mwingine mwenye jina kama langu. Mwache mtoto na jina lake. Mimi Wareno watanipa jingine, nao wanapenda kuandika majina.

Nimechoka, mama. Ni uamuzi wangu na sijutii, ila usiku wa kurudi nililala njiani peke yangu nikajisemesha ili nisikie sauti ya mtu.

Mwanao


Kasaji, 11 Septemba 1972

Mwanangu,

Salamu nakupa zote, za asubuhi, za mchana na za jioni, maana sijui hii utaisoma saa ngapi, au kama utaisoma. Mutonj aliikataa mara mbili. Anasema kambi imehamishwa mbali na reli na hakuna anayejua mmepelekwa wapi. Leo ameipokea kwa kunihurumia tu, nimemwona machoni.

Samaki niliwaokota. Nawej haendi Kolwezi. Kamin nimemdanganya kama ulivyotaka. Alisema, "Sawa, mama," na jioni hakula.

Sasa nisikilize mimi. Umemwonea huruma Nawej, umemwonea Kamin, umemwonea mtoto. Mimi nani alinionea? Hukupita kwangu kwanza.

Siku ile nilisikia. Niliita mara moja zikaitika sauti mbili, moja ya mtoto na moja nzito. Nilisimama na mwiko mkononi. Nikajiambia, bibi wewe, masikio yamezeeka, unasikia unachokitaka. Nikangoja ile sauti nzito iitike tena. Nilingoja mpaka mtoto akaja kunivuta nguo, ndipo nikaanza kupakua.

Kayemb, mwanangu, ungeitika mara moja tu zaidi, ningetoka.

Mama yako