Maneno Mawili Kwenye Kona ya Karatasi

S.L.P. 84,
Kitengela.
20 Februari 2005

Mpendwa Mjomba Lazarus,

Mulembe sana kutoka huku kwetu. Goti linaendeleaje tangu uache baiskeli? Na ile ng'ombe ya madoadoa, ilizaa salama? Sisi tuko wazima, Bwana asifiwe. Makokha wangu bado anafanya kazi Athi River, na binti yetu Dolphine ameanza darasa la tatu akiwa na pengo mbili mbele. Kiangazi ndicho kinatusumbua. Maji tunaletewa na mkokoteni wa punda, na vumbi inaingia hata kwa sufuria iliyofunikwa.

Najua unangoja habari ya kesi. Tulishinda. Lakini usipige kelele kwanza, soma mpaka mwisho.

Unakumbuka vile ulitufundisha pale shuleni Kimilili: kabla ya mtihani wowote, andika "Mungu mbele" juu ya karatasi, kona ya kulia, halafu uanze. Mimi sijawahi kuacha. Tulipokuwa tunajiandaa kwa mtihani wa makarani wa kupandishwa cheo, mwaka wa 2003, niliwafundisha wenzangu wa maombi ya saa saba pale ofisini Kajiado. Tulikuwa tisa. Kuntai peke yake alisita, akasema Mungu anaona hata karatasi tupu. Nikamwambia aache kiburi. Akaandika.

Shida ni kwamba maagizo yalisema karatasi iwe na namba tu, bila jina wala alama nyingine. Niliyasoma, Mjomba. Sikufikiria hata kidogo kwamba jina la Mungu ni alama. Bodi ya mtihani ikaona maneno yale yale, kona ile ile, kwenye karatasi tisa za chumba kimoja, ikasema ni ishara ya siri kwa msahihishaji aliyehongwa. Matokeo yalipobandikwa Februari mwaka jana, majina yetu yalikuwa chini peke yao, yameandikiwa "udanganyifu". Ati mimi! Mama Mbithi, aliyebakisha miaka miwili astaafu, alisimama pale ukutani akasoma jina lake mara tatu. Hakunilaumu hata siku moja, na hiyo ndiyo iliniuma zaidi.

Ndiyo maana tulipoishtaki bodi nilikubali jina langu liwe la kwanza kwenye kesi. Mimi ndiye niliyewaingiza, sikuweza kujificha nyuma yao. Mahakama Kuu ya Machakos tulienda mara sita.

Yale madaftari uliyotuma yalitusaidia sana, na sijui uliyahifadhi wapi panya wasiyaone. Wakili wetu, Wamaitha, alimpa jaji daftari langu la hesabu la 1978. Kila ukurasa, "Mungu mbele" kwa mwandiko wa mtoto. Jaji alifungua polepole, ukurasa baada ya ukurasa. Kisha akauliza mbona hesabu za kugawanya zote zimekosewa. Watu walicheka, hata wakili wa bodi. Nilitaka ardhi inimeze, lakini hapo nilijua tumepona.

Uamuzi ulitoka Oktoba. Jaji alisema tulivunja maagizo, hilo hatuwezi kukana, lakini bodi haikuwa na haki ya kutuita wadanganyifu bila kutuita kwanza na kutusikiza. Akafuta yale matokeo, akaamuru karatasi zisahihishwe huku ile kona imefunikwa.

Matokeo mapya yalibandikwa Januari, ukuta ule ule. Wanane wamepita. Mama Mbithi amepandishwa cheo na kupelekwa Mashuuru. Kuntai amenunua shati mpya. Mimi nimeanguka kwa alama tatu, kwenye karatasi ya kanuni za ofisi.

Nililia kwa choo ya ofisi, siwezi kukuficha. Halafu nikaosha uso nikarudi kwa mashine yangu ya kuchapa. Wenzangu walikuja kunishukuru mmoja mmoja, na hakuna aliyejua aniangalie wapi. Lakini lile neno limeondolewa kwa jina langu. Kwamba nimeanguka naweza kumwambia hata Dolphine. Lile lingine sikuweza kumwambia.

Sasa iko hivi. Mtihani huu mtu anaruhusiwa mara tatu tu. Wa 2001 nilianguka, unajua. Huu unaokuja ni wangu wa mwisho, Alhamisi tarehe 17 Machi, saa tatu asubuhi. Nasoma kila siku, na Makokha ananiuliza maswali hata nikisonga ugali. Kanuni nazijua. Kinachoniogopesha ni mkono. Juzi nilijipima na karatasi ya zamani, nikaona mkono wa kulia unaenda kwa kona wenyewe. Nikaushika na wa kushoto.

Nisalimie Shangazi Elsie, na Omolo ukimwona sokoni, na watoto wote wa hapo nyumbani. Mungu alitie goti lako nguvu, na maziwa yasikauke.

Niko na ombi moja. Siku hiyo, saa tatu kamili, chukua karatasi yoyote uniandikie yale maneno, kona ya kulia. Mimi nimekatazwa, lakini huko kwako Kimilili hakuna bodi. Uiache mezani mpaka saa sita, nitakapokuwa nimemaliza.

Mimi mpwa wako, akupendaye tangu darasa la kwanza,

Namalwa